Dondoo muhimu: Faranga zinapobadilika kimyakimya

Unaandika programu ya C# ya hesabu za mpunga kati ya Kabambare na Kasongo? Fedha ziweke kwenye decimal: hupokea int na long bila hasara, na hukataa double mpaka uamuru wazi. Float ni hatari. Int ya 16,777,217 ikiingia humo hutoka 16,777,216 bila onyo lolote, na hiyo faranga iliyopotea ni ya mkulima.

Mtego mwingine: struct ikiwekwa kwenye object hunakiliwa. Ukisahihisha idadi ya magunia kwenye struct ya awali, nakala haijui. Class haiko hivyo. MnunuziWaJumla, class inayorithi Mteja, akipokelewa kama Mteja, ni yuleyule: punguza deni lake upande mmoja, limepungua kote. Ukihitaji nakala, iunde mwenyewe.