Kisima cha Rumah na Mabomba ya Kampala

Waislamu wa Makka walipohamia Madina mwaka 622, mji ulipokea wageni wengi kwa muda mfupi. Maji matamu yalipatikana kisima cha Rumah, lakini mwenye kisima aliyauza. Asiye na fedha alikosa. Mtume Muhammad (s.a.w.) akahimiza kinunuliwe kwa ajili ya Waislamu wote, akamwahidi mnunuzi malipo ya Peponi. Sayyidna Uthman bin Affan (r.a.) akakinunua, akakitoa wakfu, na yeye mwenyewe akawa anateka kama wengine.

Ndugu msomaji, zingatia jambo moja. Maji yalikuwapo tayari. Kilichowazuia maskini ni bei, na Uthman aliiondoa bei.

Sasa tuitazame Kampala. Sensa ya 1991 ilihesabu watu wapatao 774,000. Ile ya 2014, zaidi ya milioni 1.5. Wenye kipato kidogo wengi wamepanga mabondeni, kama Bwaise, na Katanga iliyo kati ya Makerere na Mulago. Huko maji ya ardhini yako karibu na vyoo vya shimo vimesongamana. Uchafu hupenya hadi kwenye chemchemi, hata iliyojengewa saruji na inayotoa maji maangavu. Mvua kubwa za mwishoni mwa 1997 zilipokuja, kipindupindu kiliingia jijini, na chemchemi hizo zilikuwa miongoni mwa njia zake.

Maji ya bomba, yaliyosafishwa kutoka Ziwa Victoria, hupita jirani. Lakini mpangaji wa chumba kimoja hana mita. Hununua dumu la lita 20 kwa mchuuzi, na kwa kila lita hulipa zaidi ya mwenye bomba nyumbani. Hali ya Rumah imerudi.

Tunapochangisha sadaka jariya, mara nyingi husemwa: "Tuchimbe kisima." Kijijini ni jambo jema. Katika mtaa uliosongamana, kisima cha kina kifupi chaweza kumnywesha maskini maradhi, na kanuni ya fiqhi ni kwamba madhara huondolewa. Nia njema haisafishi maji.

Lililo karibu zaidi na Rumah ni bomba la wakfu. Katika wakfu, mali hubaki na manufaa yake hutolewa. Basi jumuiya na iweke wakfu chumba cha duka, kodi yake ilipie bili, msimamizi na matengenezo. Bomba lisilo na wa kulilipia hukatwa, na sadaka hukauka nalo.

Wakfu hauiondolei serikali wajibu wake wa vyoo, mifereji na bei nafuu. Wanafunzi wa sheria, afya na uhandisi ndio wanaoweza kuudai wajibu huo kwa hoja.

Maswali ya darsa:

1. Karibu na chuo chako, maskini hukosa maji au hushindwa bei?

2. Nani atalipa bili ya bomba lenu mwaka wa tano?

Wallahu aalam.