Sauti ya Pili: Katia Serra na Nafasi ya Mwanamke katika Utangazaji wa Kandanda nchini Italia

Utangulizi

Lugha ni kioo cha jamii. Kauli hii husemwa mara nyingi katika kumbi za mihadhara, na aghalabu hukubaliwa bila kuhojiwa. Mwanafunzi huambiwa kwamba akitaka kujua jinsi jamii inavyomtazama mwanamke, achunguze jinsi lugha ya jamii hiyo inavyomtaja. Lakini je, kioo hicho huonyesha kila kitu? Yawezekana sarufi ikamkaribisha mwanamke mahali ambapo jamii imemfungia mlango? Na je, lugha isiyobagua jinsia katika sarufi yake yaweza kutumiwa kubagua?

Makala haya yanajaribu kuyajibu maswali hayo kwa kuutazama uwanja usioshughulikiwa sana na wanafunzi wa Kiswahili, yaani utangazaji wa kandanda. Kisa kinachochunguzwa ni cha Katia Serra, mwanakandanda wa Italia aliyegeuka kuwa mchambuzi wa televisheni. Kiitaliano kinafaa kwa ulinganishi huu kwa sababu hutofautisha jinsia katika nomino zake, jambo ambalo Kiswahili hakifanyi. Hoja kuu ni kwamba sarufi peke yake haiufungi mlango wala haiufungui. Kazi hiyo hufanywa na watu, na sarufi hubaki shahidi tu.

Jinsia katika Msamiati wa Kandanda wa Kiitaliano

Katika Kiitaliano, kila nomino ni ya kiume au ya kike. Mchezaji wa kandanda akiwa mwanamume huitwa calciatore, akiwa mwanamke huitwa calciatrice. Kocha mwanamume ni allenatore, mwanamke ni allenatrice. Hapa sarufi haina tatizo, kwani umbo la kike lipo tayari na linafuata kanuni ya kawaida.

Tatizo huanza pale ambapo wingi unahitajika. Kundi lenye wanaume na wanawake hutajwa kwa umbo la kiume. Chama cha wachezaji kilichoundwa mwaka 1968 kinaitwa Associazione Italiana Calciatori. Jina hilo limejengwa juu ya wingi wa kiume, nao wanawake wanachama wa chama hicho wamefichwa ndani yake. Hali kadhalika, zipo nomino ambazo umbo lake la kike huzua kicheko au ubishi. Mlinda lango ni portiere. Ukilibadilisha neno hilo liwe portiera, msikilizaji atafikiria mlango wa gari. Mwamuzi ni arbitro. Tarehe 2 Oktoba 2022, Maria Sole Ferrieri Caputi alipokuwa mwanamke wa kwanza kuchezesha mechi ya Serie A ya wanaume, mjadala ulizuka iwapo aitwe arbitro au arbitra. Mjadala wa aina hiyo haukuwa mpya. Mwaka 1987 mtaalamu wa lugha Alma Sabatini alikuwa amechapisha, chini ya ofisi ya Waziri Mkuu, utafiti na mapendekezo kuhusu ubaguzi wa kijinsia katika Kiitaliano.

Hata hivyo, nomino zinazohusu utangazaji hazina ugumu huo. Mwanahabari ni giornalista na mtangazaji wa mechi katika televisheni ni telecronista. Maneno haya hayabadiliki katika umoja. Kinachobadilika ni kibainishi kinachotangulia. La kushangaza zaidi ni jina la mchambuzi anayeketi kando ya mtangazaji mkuu. Waitaliano humwita seconda voce, yaani sauti ya pili. Neno voce ni la jinsia ya kike. Kwa hivyo, kwa miaka mingi kiti hicho kilikuwa na jina la kike kisarufi, ilhali katika mechi kubwa kilikaliwa na wanaume. Hapa ndipo kioo cha lugha kinapotudanganya.

Usuli: Mwanamke Uwanjani

Ili kuelewa kwa nini sauti ya mwanamke ilichelewa kusikika, sharti tuangalie jinsi miguu yake ilivyozuiwa. Mwaka 1933, kundi la wasichana mjini Milano lilianza kucheza kandanda hadharani. Walicheza wakiwa wamevaa sketi, na langoni waliwekwa wavulana kwa hofu kwamba mpira ungedhuru uwezo wa wasichana wa kuzaa. Hata baada ya kukubali masharti hayo yote, hawakuachwa. Kabla ya mwaka huo kwisha, viongozi wa michezo wa utawala wa kifashisti waliwakataza kucheza.

Iliwabidi wanawake kusubiri hadi mwaka 1968, shirikisho lao lilipoundwa mjini Viareggio na timu ya Genova ikatwaa ubingwa wa kwanza. Mwaka 1981, Bunge la Italia lilipitisha sheria nambari 91 kuhusu wanamichezo wa kulipwa. Sheria hiyo haikumtaja mwanamume wala mwanamke, bali iliyaachia mashirikisho uamuzi wa nani aitwe mchezaji wa kulipwa. Shirikisho la kandanda liliipa hadhi hiyo michezo ya wanaume peke yake. Mwanafunzi wa lugha na azingatie jambo hili kwa makini: matini haikubagua, msomaji wa matini ndiye aliyebagua. Ni mpaka tarehe 1 Julai 2022 ndipo Serie A ya wanawake ilipotambuliwa kuwa ligi ya kulipwa. Kwa zaidi ya miaka 40, mwanamke aliyefunga mabao katika ligi kuu alihesabiwa kuwa mchezaji wa ridhaa.

Katika mazingira hayo ndimo alimotokea Carolina Morace, aliyezaliwa Venezia mwaka 1964 na kuichezea timu ya taifa akiwa na umri wa miaka 14. Mwezi Agosti mwaka 1990, alifunga mabao manne katika uwanja wa Wembley, Italia ilipoilaza Uingereza 4-1. Mwaka 1991, nchini Uchina, alikuwa mchezaji wa kwanza kufunga mabao matatu katika mechi moja ya Kombe la Dunia la wanawake. Alisomea sheria, akawa mchambuzi wa televisheni, kisha mwaka 1999 akateuliwa kuinoa Viterbese, timu ya wanaume ya daraja la tatu. Aliondoka baada ya mechi mbili. Morace alionyesha kwamba mwanamke angeweza kuufikia mlango, lakini pia alionyesha jinsi mlango huo ulivyoweza kufungwa upesi.

Safari ya Katia Serra

Katia Serra alizaliwa Bologna mwaka 1973. Alicheza nafasi ya kiungo katika vilabu kadhaa na kuivalia jezi ya timu ya taifa. Kiungo ni mchezaji anayelazimika kuusoma mchezo mzima: hutazama mbele na nyuma, huukata mpira wa adui na kuwaanzishia wenzake. Pengine ni katika nafasi hiyo alimojifunza kuueleza mchezo, kwani aelezaye vizuri ni yule aliyezoea kuona kabla ya kutenda.

Kazi yake haikukomea uwanjani. Alishughulikia masuala ya wanawake katika chama cha wachezaji kilichotajwa hapo juu. Kazi hiyo ilikuwa ya maneno zaidi kuliko ya miguu: kudai mikataba, bima, na ulinzi wa mchezaji anapopata mimba. Zilikuwa enzi za dharau ya waziwazi. Mwaka 2015, rais wa chombo kilichosimamia kandanda ya ridhaa, ambamo ligi ya wanawake iliwekwa, aling'olewa madarakani baada ya kuripotiwa kuwa alitoa maneno ya kuwadunisha wachezaji wa kike. Ajabu ni kwamba aliyedaiwa kutamka maneno hayo ndiye aliyekuwa amekabidhiwa mchezo wao. Mwaka 2018, ligi kuu ya wanawake iliondolewa mikononi mwa chombo hicho na kuwekwa chini ya shirikisho lenyewe.

Sambamba na harakati hizo, Serra alijijengea jina kama mchambuzi wa televisheni. Alianza na mechi za wanawake, na hatua kwa hatua akaaminiwa na za wanaume. Jambo hili lina umuhimu wake. Katika nchi nyingi, mwanamume huruhusiwa kuchambua mechi za wanaume na za wanawake bila kuulizwa ujuzi wake, ilhali mwanamke hudaiwa kuthibitisha kwanza kuwa anaijua sheria ya kuotea.

Usiku wa Wembley

Shirika la utangazaji la Rai lilianza matangazo ya kawaida ya televisheni mwezi Januari mwaka 1954. Hata kabla ya hapo, redio ilikuwa imewazoesha Waitaliano sauti ya Nicolò Carosio. Mwaka 1982, Italia ilipotwaa Kombe la Dunia mjini Madrid, sauti ilikuwa ya Nando Martellini. Mwaka 2006, mjini Berlin, walisikika Marco Civoli na Sandro Mazzola. Kumbukumbu ya taifa zima kuhusu ushindi ilikuwa na sauti ya kiume.

Mwezi Julai mwaka 2021, Italia ilifika fainali ya Kombe la Ulaya. Watangazaji walioifuata timu hiyo kwa niaba ya Rai walikuwa Alberto Rimedio na Antonio Di Gennaro. Kabla ya fainali, Rimedio aligunduliwa kuwa na virusi vya korona, naye Di Gennaro akalazimika kujitenga. Wahenga walisema kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Rai iliwateua Stefano Bizzotto kuwa mtangazaji mkuu na Katia Serra kuwa sauti ya pili. Hivyo ndivyo tarehe 11 Julai 2021 Serra alivyokuwa mwanamke wa kwanza kuchambua, kupitia Rai, fainali ya timu ya taifa ya wanaume.

Uwanja ulikuwa Wembley, na mpinzani alikuwa Uingereza, kama katika siku ya Morace miaka 31 kabla. Luke Shaw aliifungia Uingereza katika dakika ya pili. Leonardo Bonucci akasawazisha katika kipindi cha pili. Baada ya muda wa ziada, Italia ilishinda kwa mikwaju ya penalti 3-2, mlinda lango Gianluigi Donnarumma akiwa amepangua miwili. Mamilioni ya Waitaliano waliokuwa wakishangilia walikuwa wameongozwa, dakika baada ya dakika, na maelezo ya mwanamke.

Je, tuseme kwamba Serra alifika hapo kwa bahati? Ni kweli kwamba nafasi ilitokana na ajali. Lakini bahati hubisha hodi kwa wengi, na anayeitika ni aliye tayari. La kutia uchungu ni kwamba mtu aliyekuwa tayari kwa muda mrefu alihitaji ugonjwa wa wengine ili asikike. Methali ya mvumilivu hula mbivu haitoshi hapa, kwa maana humsifu mvumilivu bila kumuuliza aliyeufungia mti wa matunda.

Funzo kwa Kiswahili

Mwanafunzi wa Kiswahili aweza kujipongeza kwamba lugha yake haina maradhi haya. Katika ngeli ya A-WA, mchezaji, kocha, mwamuzi, nahodha, mtangazaji na mwanahabari ni maneno yasiyojua mke wala mume. Hatuhitaji umbo jipya kwa mlinda lango wa kike, wala hatuogopi kumgeuza mlango wa gari.

Hata hivyo, tusikilize matumizi. Mtu akisema "mchezaji", msikilizaji humfikiria mwanamume. Mwanamke huongezewa sifa, akawa "mchezaji wa kike". Mchezo wa wanaume huitwa soka, basi. Wa wanawake huitwa "soka ya wanawake". Tena, timu ya taifa ya wanaume ya Kenya huitwa Harambee Stars, na ya wanawake Harambee Starlets. Kiambishi tamati hicho cha Kiingereza ni cha udogo. Tungekitafsiri kwa ngeli ya KI-VI, tungepata "vinyota". Sarufi yetu haikututuma tufanye hivyo. Tumeazima udogo kutoka kwingine na kumvika mwanamke wetu.

Kwa hivyo, lugha hizi mbili zinafika mahali pamoja kwa njia tofauti. Kiitaliano kilikuwa na kiti chenye jina la kike, kikakaliwa na wanaume. Kiswahili kina majina yasiyo na jinsia, nasi twayasikia kana kwamba ni ya kiume.

Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba maisha ya Katia Serra, kama mchezaji, mtetezi na mchambuzi, hayawezi kuelezwa kwa sarufi peke yake. Lugha ni kioo, naam, lakini kioo humwonyesha aliyesimama mbele yake tu. Aliyezuiwa mlangoni haonekani. Ni wajibu wa mwanaisimu kuuliza ni nani hayumo katika taswira hiyo. Vilevile, ni wajibu wa wanaofunza na kusomea Kiswahili, ambao wengi wao ni watangazaji wa kesho, kuhakikisha kwamba neno "mtangazaji" linabeba kwa vitendo usawa ambao ngeli yake imelibebesha tangu jadi.

Maswali ya Kutafakari

1. Sikiliza matangazo ya mechi mbili za kandanda kwa Kiswahili, moja ya wanaume na nyingine ya wanawake. Linganisha vivumishi na tamathali zinazotumiwa kuwaelezea wachezaji.
2. "Lugha isiyo na jinsia katika sarufi haina ubaguzi wa kijinsia." Jadili kauli hii kwa mifano kutoka nyanja nyingine, kama vile siasa na dini.
3. Pendekeza jina la Kiswahili kwa timu ya taifa ya wanawake na ueleze misingi ya kiisimu ya chaguo lako.