Ijumaa Tarehe Mosi: Somo Kuhusu Kalenda ya Kubuni

Wengi wetu katika chama hiki tunapenda kutunga hadithi za nchi zisizokuwako. Tunabuni wafalme, majoka na milima inayonguruma, lakini tukifika mahali pa kutaja tarehe tunachukua kalenda ile ile iliyotundikwa ukutani darasani. Mimi nasema hapo ndipo hadithi huanza kuvuja kama paa bovu. Basi hebu tuichambue kalenda moja ya kubuni iliyotengenezwa barabara, kisha niwaonyeshe mahali ambapo ingezua ugomvi kama ingeletwa hapa kwetu.

Mwenyewe ni J.R.R. Tolkien, profesa wa Oxford aliyeandika The Lord of the Rings. Kitabu hicho kilitoka katika mabuku matatu, mwaka 1954 na 1955, na mwishoni mwa buku la tatu mna nyongeza kuhusu kalenda za mataifa yake. Nitashika moja tu, ile ya Shire, nchi ya hobbit. Hao ni watu wafupi, wapenda kula, ambao kwa kawaida hawavai viatu.

Kila mtunga kalenda ana shida moja: hesabu haikubali kulingana. Mwaka wa jua una siku 365 na karibu robo. Miandamo kumi na miwili ya mwezi ni siku 354 tu. Huwezi kuwafuata wote wawili kwa urahisi. Kalenda ya Kiislamu humfuata mwezi, ndiyo maana Ramadhani huzunguka majira yote. Hobbit humfuata jua. Wana miezi 12 na kila mmoja una siku 30, hakuna cha 28 wala 31. Hizo ni siku 360. Tano zilizobaki haziingii katika mwezi wowote. Mbili huitwa Yule, moja ikifunga mwaka na nyingine ikiufungua. Tatu huwekwa katikati ya mwaka: Lithe ya kwanza, Siku ya Kati ya Mwaka, na Lithe ya pili. Mwaka mrefu huongezewa siku moja hapo hapo katikati, iitwayo Overlithe, na watu hula na kunywa.

Majina ya miezi hakuyaokota hewani. Aliyatoa katika Kiingereza cha kale sana. Mwezi wa tano, kwa mfano, ni Thrimidge, nalo linatokana na jina la kale la mwezi ambao ng'ombe walikamwa mara tatu kwa siku. Nyumbani tuna ng'ombe, na jina kama hilo naliona lina maana kuliko Mei.

Sasa tuje kwenye utamu wenyewe. Juma la hobbit lina siku saba na huanza Jumamosi! Siku ya mwisho ni Ijumaa, nayo ndiyo siku kuu ya juma, ya mapumziko na karamu za jioni. Je, si sawa na majina yetu ya Kiswahili, ambapo Jumamosi ni siku ya mosi na Ijumaa ndiyo kilele? Mwingereza aliyezoea kuanzia Jumapili au Jumatatu hushangaa. Mswahili anaona amefika nyumbani.

Lakini Siku ya Kati ya Mwaka haina jina la juma. Si Jumamosi, si Jumapili, ipo ipo tu. Overlithe vilevile. Zitoe hizo na zinabaki siku 364, yaani majuma 52 kamili. Matokeo yake ni kwamba tarehe moja huangukia siku ile ile kila mwaka, milele. Katika kitabu, Bilbo anafanya karamu yake tarehe 22 Septemba, siku ya Alhamisi. Miaka 17 baadaye siku ya kuzaliwa ya Frodo, tarehe iyo hiyo, ni Alhamisi tena.

Chukua daftari uhakikishe. Mwaka huanza kwa Yule, Jumamosi, kwa hiyo mwezi wa kwanza unaanza Jumapili. Siku 30 ni majuma manne na siku mbili, basi kila mwezi unaofuata unaruka siku mbili: Jumanne, Alhamisi, Jumamosi, Jumatatu, Jumatano. Nusu ya pili ya mwaka inarudia mfuatano huo huo. Umeona iliyokosekana? Ijumaa! Hakuna mwezi unaoanza Ijumaa. Ndiyo maana hobbit wakisema "Ijumaa tarehe mosi" wanamaanisha siku ambayo haipo, kama sisi tunavyosema kuku atakapoota meno.

Nimejaribu kuiweka Kenya katika kalenda hiyo. Madaraka, 1 Juni, ingekuwa Jumatano daima. Jamhuri, 12 Desemba, ingekuwa Jumapili kila mwaka, nasi tungepumzika Jumatatu yake bila kukosa. Nani angekataa?

Wapo wa kukataa, tena wengi, nao wako humu humu shuleni. Siku isiyo na jina inakata mnyororo wa siku saba. Baada yake, siku ambayo kalenda inaiita Jumamosi ni Jumapili ya kweli. Wenzetu wa kuswali Ijumaa wangejikuta wanaomba ruhusa siku iliyoandikwa Alhamisi, na mwaka wa pili Jumatano. Wasabato wangetunza Sabato yao Ijumaa ya ukutani, katikati ya vipindi. Wakristo wengine nao hawaponi.

Msidhani ni utani. Bi Elisabeth Achelis wa Marekani alianza kupigania kalenda ya namna hii mwaka 1930, yenye siku isiyo na jina mwisho wa mwaka, ikafika mpaka Umoja wa Mataifa. Watu wa dini wakaipinga vikali, na mwaka 1955 serikali ya Marekani ikasema haiungi mkono. Ni mwaka ule ule lilipotoka buku la tatu la Tolkien! Hobbit waliweza kwa sababu hawana msikiti wala kanisa. Mimi naona hapo Tolkien alijirahisishia kazi kidogo.

Katika hadithi ninayoandika sasa, mfalme ametangaza siku tupu katikati ya mwaka. Kijiji kimoja cha wavuvi kimekataa na kinaendelea kuihesabu. Mwaka wa kwanza soko lao limekosana na la mjini kwa siku moja. Mwaka wa tatu ni siku tatu, samaki wanaoza, na askari wa mfalme wako njiani. Nimefika hapo.