Hasira Inayouzwa: Tashtiti ya Televisheni katika Filamu ya Network

Katika somo la fasihi tunafundishwa kwamba tashtiti hukosoa uovu kwa kuufanya uchekeshe. Maana hiyo ni sahihi, lakini naona haitoshi. Nitaipima kwa filamu ya Kimarekani, Network (1976), iliyoongozwa na Sidney Lumet na kuandikwa na Paddy Chayefsky.

Howard Beale ni msomaji wa habari wa kituo cha kubuni, UBS. Watazamaji wake wamepungua, naye anaambiwa kazi imekwisha. Anatangaza hewani kwamba atajiua mbele ya kamera. Wakubwa wanafadhaika, lakini watazamaji wanaongezeka, naye Diana Christensen, mkuu wa vipindi, anaona biashara. Beale anapowataka watu wafungue madirisha na kupiga kelele za hasira, wanatii. Kituo kinamfanya nabii wa televisheni. Baadaye anaanza kuhubiri kwamba mtu mmoja mmoja hana thamani tena. Watazamaji wanachoka, na wakubwa wanapanga auawe hewani.

Mbinu ya kwanza ni chuku: hakuna kituo tunachokijua kilichofika huko. Lakini kila hatua inatokana na iliyotangulia, kwa hiyo hatupati mahali pa kusema, "Hapa mwandishi amezidisha."

Ya pili ni kinaya. Beale anaishutumu televisheni ndani ya televisheni, na shutuma zake zinaleta pesa za matangazo ya biashara. Kadiri anavyokasirika, ndivyo anavyowatajirisha anaowakasirikia.

Ya tatu, nayo kwangu ndiyo kuu, ni rejista. Wakubwa wanajadili kifo cha mtu kwa lugha ya ofisini: asilimia, mapato, ratiba. Hakuna anayepaza sauti. Kicheko chetu kinatoka katika pengo kati ya utulivu wa maneno na ukatili wa jambo lenyewe.

Hapo ndipo maana ya darasani inapopungukiwa. Tashtiti hii haimwachi mtazamaji nje. Beale hauawi kwa kusema kweli. Anauawa kwa kukosa watazamaji. Waliompandisha kwa kumtazama ndio waliomwangusha kwa kugeukia kwingine, na sisi tuliokaa mbele ya filamu tumo miongoni mwao.

Wengi wetu tutafanya kazi redioni, magazetini au katika televisheni. Tukisikia uchungu wa watu ukizungumzwa kwa lugha ya hesabu, tutambue rejista hiyo mapema, kabla haijawa yetu.