Samaki Mmoja Akioza

Tutajapo chuo kikuu au shule ya umma, mara twawawaza walimu na wanafunzi. Lakini yupo karani aandikaye majina, yupo mtunza maabara, yupo mlinzi, na yupo tarishi achukuaye barua. Hawa hawafundishi, lakini pasipo wao hakuna somo liendalo. Tena mishahara yao hutoka katika fedha za watu wote. Kwa hiyo kila raia astahiliye ana haki ya kuziomba kazi hizo. Ndiyo sababu magomvi ya kuajiriwa kwao hufika mahakamani. Juma hili tujifunze kwa kesi moja kubwa ya India. Kesi yenyewe yahusu shule, lakini Katiba ya nchi ile, katika kifungu cha 16, yawapa raia wote nafasi sawa katika kazi za umma, na sharti hilo lavifunga vyuo vikuu vya umma vilevile.

Mwaka 2016 tume ya ajira za shule katika jimbo la West Bengal ilitangaza mtihani kwa watu waliotaka kazi za ualimu, ukarani na utarishi. Walioomba walizidi 2,300,000. Nafasi zilikuwa 24,640 tu. Hata hivyo barua za kuajiriwa zilizotolewa zilizidi 25,000. Walioachwa wakashtaki. Wapelelezi wakakuta kwamba alama zilikuwa zimegeuzwa, walio chini katika orodha wamewaruka walio juu, na wengine wameajiriwa bila majina yao kuwamo katika orodha kabisa. Karatasi za majibu zenyewe tume ilikwisha kuziharibu. Mwaka 2022 aliyekuwa waziri wa elimu wa jimbo hilo alikamatwa.

Tarehe 22 Aprili 2024 Mahakama Kuu ya Kolkata ilifuta ajira zote za mtihani ule. Tarehe 3 Aprili 2025 Mahakama ya Juu ya India ikaithibitisha hukumu hiyo, ikisema kwamba uchafu ulikuwa umeenea hata haukuweza kusafishwa. Waliothibitika kuingia kwa hila waliamriwa kurudisha mishahara waliyopokea. Wasioonekana na hila hawakudaiwa kitu, lakini kazi zao nao zilikwisha.

Hapa ndipo penye uzito. Je, ni haki mtu aliyefaulu kwa jasho lake afukuzwe pamoja na aliyenunua nafasi? Wengi waliona ni ukatili, na uchungu wao twauelewa. Lakini hakimu naye alikuwa na taabu yake: ushahidi wa kuwatenga wema na wabaya ulikuwa umeharibiwa na wale wale waliopaswa kuutunza. Na kuiacha orodha isimame kungekuwa ni kuwanyima haki wale walioachwa nje kwa hila. Wahenga walisema samaki mmoja akioza wote wameoza. Methali hiyo ni kweli kwa samaki. Kwa binadamu huwa kweli pale tu kumbukumbu zinapopotea.

Yafaa pia tuangalie nani aliyeumia zaidi. Tarehe 17 Aprili 2025 Mahakama ya Juu iliwaruhusu walimu wasioonekana na hila waendelee kwa muda, ili masomo ya watoto yasikatike. Makarani na matarishi hawakuruhusiwa, kwa kuwa walioingia kwa hila miongoni mwao walikuwa wengi mno. Hivyo tarishi mwaminifu, mwenye mshahara mdogo kuliko wote, alirudi nyumbani mara moja. Serikali ya jimbo ilipotaka kuwapa posho makarani na matarishi hao, Mahakama Kuu iliizuia mwezi Juni 2025.

Basi tupate fundisho. Wakuu wa vyuo na shule wakumbuke kwamba karatasi ya mtihani si mali ya ofisi. Ni shahidi wa mwombaji. Itunzwe. Alama zitangazwe, na malalamiko yasikilizwe mapema, kabla watu hawajajenga nyumba na kuoa kwa kutegemea mshahara ambao utaondolewa.

Na ninyi wazazi, mara nyingi tumesikia mtu akisema: “Nikimtolea mwanangu hongo apate kazi, nitakuwa nimemdhuru nani?” Jibu ni hili: umemdhuru mtoto wa jirani aliyeachwa nje. Umemdhuru pia mtoto wa jirani mwingine aliyeingia kwa haki, kwa maana siku ya hukumu hatakuwa na njia ya kuonyesha kwamba yeye si kama wako. Tena umemdhuru mwanao mwenyewe, atakayedaiwa mshahara alioula zamani. Mlango wa hila huonekana mfupi wakati wa kuingia. Lakini ukibomoka, huwaangukia wote waliomo ndani.