Nguo ya Arusi: Ya Bombay au ya London?

Alinijia kijana mmoja hapa Mishomoroni baada ya sala ya alasiri. Huu ni mwaka wa tatu tangu achumbie, na mahari alikwisha kuyatoa. Kilichomzuia ni nguo. Kwa mchumba wake wataka lehenga usiku wa hina, kama zile za filamu za Kihindi, na usiku wa kupambwa wataka gauni jeupe la Kizungu lenye mkia wa kuburura. Akaniuliza: "Sheikh, katika mavazi haya mawili, lipi ni letu?"

Ndugu msomaji, swali hili si jepesi. Wengi wetu hulikemea gauni kuwa ni kuiga Wazungu, na lehenga huinyamazia kwa kuwa yatoka Mashariki. Marehemu Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui alituonya juu ya kuwaiga Wazungu tangu 1930, katika gazeti lake Sahifa. Lakini ya Bombay yalituingia kwa masikio. Marehemu Juma Bhalo, aliyefariki 2014, alitia maneno ya Kiswahili katika sauti za nyimbo za filamu za Kihindi, na vijana wakajifunza kupenda kwa sauti hizo. (Nami nilizipenda udogoni, sifichi.)

Gauni jeupe nalo lilienea Ulaya baada ya Malkia Victoria kuolewa nalo mwaka 1840. Kwa Wahindu, nyeupe ni nguo ya mjane, na bibi arusi huvaa nyekundu. Kwetu sisi nyeupe ni ihramu na sanda. Basi binti anayelitamani gauni hilo hatamani weupe. Atamani kuonekana kama alivyowaona wengine.

Hata hivyo, nguo haiharamiki kwa ugeni wake. Mtume (S.A.W.) alivaa juba la Kirumi, kama alivyopokea Tirmidhi kwa Al-Mughira bin Shu'ba. Yaliyokatazwa ni kufichua uchi, israfu, na kujifananisha na watu katika mambo ya dini yao. Nikamjibu kijana: yote mawili yaweza kuwa yetu, wala hapana hata moja lililo sharti ya nikahi.

Nilimwendea walii. Nikamkumbusha Suratun Nur, aya ya 32, tulimoamrishwa kuwaoza wasio na wake na waume, na ufukara usiwe kizuizi. Je, mkia wa gauni uwe kizuizi? Akacheka, akasema ayatakayo hayo ni mama na mashoga zake. Nikahi imewekwa Ijumaa ya kwanza ya mfungo mosi. Habari ya nguo wangali wakizungumza wao kwa wao.