Hedhi Ikishakoma: Maswali na Majibu Juu ya Tiba ya Homoni

Aghalabu maswali haya huulizwa mwisho kabisa, mama akiwa amekwisha kupimwa shinikizo la damu na kuandikiwa dawa ya sukari, mkono umekwisha shika kitasa cha mlango, ndipo anapogeuka na kusema kwa sauti ya chini kwamba ana jambo dogo. Tumeyakusanya hapa yale yanayorudiwa mara kwa mara, na kuyajibu kwa kirefu pale panapostahili urefu, bila ya kudhani kwamba majibu haya yatashika mahali pa tabibu amjuaye mgonjwa mwenyewe.

SWALI: Daktari, hari hunipanda ghafla kutoka kifuani mpaka usoni, nikalowa jasho, kisha nikaona baridi. Nimekwisha meza dawa za malaria mara mbili wala sikupata nafuu. Nina miaka 49.

JIBU: Ningependa kwanza kujua kama malaria yenyewe ilionekana katika kipimo, kwa kuwa wapo akina mama wa umri huo wanaotibiwa homa isiyokuwepo, na ukiwawekea kipimajoto wakati hari imewapanda utakuta joto la mwili halikuzidi kiasi chake. Ndani ya ubongo mna sehemu ndogo inayolinda joto la mwili lisipande wala lisishuke; nayo, maadamu homoni iitwayo estrojeni ilikuwa ikitoka kwa wingi katika vifuko vya mayai, iliweza kustahimili mabadiliko madogo bila ya kutaharuki. Estrojeni ikipungua, ustahimilivu ule nao hupungua, hata kikombe cha chai ya moto au shuka nzito hutosha kuifanya iamrishe mishipa ya ngozi ifunguke na jasho litoke, kana kwamba nyumba imeshika moto. Hali hii yaweza kuanza wakati hedhi ingali ikiruka miezi na kurudi, na kukoma kwenyewe huhesabiwa baada ya miezi 12 mfululizo kupita bila ya damu.

Utafiti uliowafuatilia wanawake wa Marekani kwa miaka mingi ulionyesha kwamba adha hii hudumu zaidi ya miaka 7 kwa aliye katikati ya kundi, na kwa wanawake wenye asili ya Kiafrika kiasi cha miaka 10. Basi mama anayeambiwa avumilie miezi michache anadanganywa, ijapokuwa kwa nia njema. Walakini jasho la usiku lililofuatana na kikohozi, kukonda au homa ya kweli lisihukumiwe kuwa ni la umri kabla ya kupimwa kifua kikuu, na moyo uendao mbio wataka tezi ya shingo ichunguzwe.

SWALI: Tiba ya homoni ni nini hasa?

JIBU: Ni kumrudishia mwanamke sehemu ya ile estrojeni iliyopungua, kwa kipimo kidogo kiwezacho kumwondolea adha. Kidonge kilichovuma kuliko vyote, Premarin, kiliruhusiwa kuuzwa Marekani mwaka 1942, na estrojeni yake hutolewa katika mkojo wa farasi majike wenye mimba. Mwaka 1966 tabibu mmoja wa New York, Robert Wilson, alitoa kitabu alichokiita Feminine Forever, akidai kuwa kukoma hedhi ni maradhi ya upungufu na kwamba dawa ingembakiza mwanamke katika ujana wake. Dai hilo lilisaidia sana kuuza vidonge, nami nalihesabu kuwa ni dharau iliyovikwa joho la huruma.

Mwaka 1975 ndipo ilipodhihiri kwamba estrojeni ikitumiwa peke yake na mwenye mji wa mimba, utando wa ndani ya mji huo hukua pasipo kizuizi, na saratani ya hapo huzidi. Tangu wakati huo mwenye mji wa mimba hupewa estrojeni pamoja na projesteroni, au dawa ya jamii yake, ili utando ule uzuiliwe. Aliyekwisha tolewa mji wa mimba hupewa estrojeni pekee. Asiyeishika kanuni hii ataisoma kila habari ya tiba hii kichwa chini miguu juu.

SWALI: Binti yangu aliyeko Uingereza anihimiza nitumie, na shoga yangu wa hapa aniapia kwamba dawa hizi zaleta saratani ya titi. Nimsadiki yupi?

JIBU: Kila mmoja ana haki kwa kiasi chake. Mwezi wa Julai 2002, huko Marekani, ulisimamishwa kabla ya wakati wake utafiti ulioitwa Women's Health Initiative, ambao ndani yake wanawake 16,608 wenye mji wa mimba waligawanywa kwa bahati nasibu, baadhi wakipewa kidonge chenye homoni mbili na wengine kidonge kitupu. Baada ya miaka mitano na ushei ilionekana kuwa, katika kila wanawake 10,000 kwa mwaka mmoja, waliopata saratani ya titi walikuwa 38 upande wa dawa, na 30 upande wa kidonge kitupu. Viharusi na maradhi ya damu kuganda yalizidi pia, ilhali kuvunjika nyonga na saratani ya utumbo mpana vilipungua. Magazeti yakaandika kwamba hatari imezidi kwa asilimia 26, jambo ambalo ni sahihi kwa hesabu, lakini msomaji aliyeambiwa 26 asiambiwe 38 na 30 alifahamu kuwa mmoja katika kila wanne ataangamia, na mamilioni ya wanawake wakaacha dawa zao. Matabibu nao, ambao miaka michache nyuma walikuwa wakiisifu dawa hii hata kwa kulinda moyo, wakageuka kuikimbia kwa kasi ile ile.

Lililosomwa kwa uchache ni umri. Wanawake wale walikuwa na wastani wa miaka 63, na wapo walioingia wakiwa na 79, kwa sababu utafiti ulikusudiwa kujua kama homoni zaweza kuwakinga watu wazima na maradhi ya moyo. Haukukusudiwa kumjibu mama wa miaka 50 asiyepata usingizi. Hesabu zilipopangwa upya kwa umri, ilionekana kwamba kwa aliyeanza kabla ya miaka 60, au kabla ya miaka 10 kupita tangu hedhi ikome, hatari ni ndogo, na kwa mwenye adha kubwa manufaa aghalabu huzielemea. Fungu la pili, la wanawake 10,739 waliokwisha tolewa mji wa mimba na kupewa estrojeni pekee, lilisimamishwa mwaka 2004 kwa ajili ya viharusi, lakini saratani ya titi haikuzidi miongoni mwao.

Homoni ya pili katika kile kidonge cha 2002 ilikuwa medroksiprojesteroni, ambayo akina mama wengi wa Afrika Mashariki waijua, kwa kipimo na njia nyingine, katika sindano ya uzazi wa mpango ya kila miezi mitatu. Siku hizi matabibu wengi hupendelea projesteroni iliyo sawa na ya mwili. Basi mama, kabla ya kumsadiki binti au shoga, taja umri wako, na miaka mingapi imepita tangu hedhi ikome, na kama una mji wa mimba.

SWALI: Katika duka la dawa la mtaani hawana dawa hiyo. Siwezi kumeza vidonge vya majira badala yake?

JIBU: La. Estrojeni iliyomo katika vidonge vingi vya majira ni ya aina kali zaidi, kwa kuwa kazi yake ni kulizuia yai lisitoke, na kwa mwanamke aliyefikia miaka 50, hususan mwenye shinikizo la damu au mvutaji wa sigara, yaweza kumletea donge la damu mguuni au mapafuni, au kiharusi. Hata estrojeni ya tiba yenyewe, ikimezwa, hupita kwanza katika ini, nalo huchochewa kutengeneza zaidi vile vitu vya kugandisha damu. Ipitiapo katika ngozi, kwa kibandiko au kwa jeli, huepuka njia hiyo, na tafiti hazikuonyesha ziada ya damu kuganda kwa vipimo vya kawaida. Kibandiko huwekwa chini ya kiuno, kamwe si kwenye titi, na aghalabu hubadilishwa mara mbili kwa juma. Katika hari na unyevu wa mwambao wetu huenda kikabanduka kwa jasho, na hapo jeli ipakwayo mkononi au pajani ikaachwa ikauke huwa na raha zaidi.

Aliyepata saratani ya titi, kiharusi, mshtuko wa moyo au donge la damu, mwenye maradhi makali ya ini, na mwenye kutokwa na damu isiyojulikana sababu, asianze tiba hii kwa ushauri wa jirani. Shinikizo la damu lililotulizwa si kizuizi.

SWALI: Nalitolewa mji wa mimba na vifuko vyote viwili kwa ajili ya uvimbe nikiwa na miaka 38. Hofu zote hizi zanihusu?

JIBU: Wewe una hukumu yako. Mwili wako umenyimwa estrojeni zaidi ya miaka kumi kabla ya wakati wake, na hasara ya hilo huangukia mifupa na moyo, hata kama hari zimekwisha kutulia. Ikiwa hakuna kizuizi katika hivyo nilivyovitaja, rai ya matabibu ni kwamba utumie estrojeni walau mpaka ufikie umri wa kawaida wa kukoma hedhi, yaani kiasi cha miaka 50 au 51. Nasikitika kuwaona wanawake wa namna hii waliopasuliwa, wakashonwa, wakaruhusiwa kwenda nyumbani, wala asitokee mtu wa kuwaambia neno hili.

SWALI: Nikitumia dawa damu ikarudi, sala na saumu yangu itakuwaje?

JIBU: Mimi si mwanachuoni wa sharia, na hukumu nawaachia wenyewe, la kwangu ni kukueleza damu hiyo itokako ili umweleze sheikh wako kwa yakini. Upo utaratibu ambao projesteroni hutumiwa siku 12 hadi 14 tu katika mwezi, na damu hutoka ikikatizwa, kwa tarehe unayoweza kuitazamia. Upo mwingine wa kutumia homoni zote mbili kila siku, ambao kusudi lake ni damu isitoke kabisa, ijapokuwa matone huonekana miezi ya mwanzo. Huu hufaa mwaka mmoja baada ya hedhi kukoma. Damu ya baada ya miezi sita katika utaratibu huu wa pili, au damu yoyote kwa aliyekoma hedhi naye hatumii dawa, huchunguzwa upesi, kwani yaweza kuwa alama ya kwanza ya saratani ya mji wa mimba.

SWALI: Nina ukavu na maumivu ninapokutana na mume wangu, na mkojo hunichoma kila mara.

JIBU: Hili, tofauti na hari, haliondoki lenyewe, bali huzidi kadiri miaka inavyokwenda. Krimu au kidonge kidogo cha estrojeni kiwekwacho ukeni huuponya ukavu na kupunguza maambukizo ya mkojo, na kinachoingia katika damu ni kidogo mno, hata mwenye mji wa mimba kwa kawaida hahitaji projesteroni.

SWALI: Nitaitumia mpaka lini?

JIBU: Hakuna tarehe iliyoandikwa. Kila mwaka tutapima shinikizo la damu, tutaulizana habari za matiti, na tutatazama kama kipimo chaweza kupunguzwa. Asiyeweza homoni hakukosa njia, kwani mwaka 2023 Marekani iliidhinisha fezolinetant, dawa isiyo homoni ambayo hufanya kazi katika ile sehemu ya ubongo iliyotaharuki, ijapokuwa hutaka ini lipimwe. Ukiacha homoni, iwe kwa ghafla au kidogo kidogo, hari zaweza kurudi kwa majuma kadhaa. Usihukumu mapema, subiri miezi miwili au mitatu, na zikiwa bado hazivumiliki, rudi tuzungumze upya juu ya kipimo.